Swali la baba katikati ya filamu ya Majuto

Nyumbani kwetu rimoti ilikuwa ya baba. Saa mbili usiku ikifika ni taarifa ya habari, na ole wako ukohoe. Lakini kila wiki kulikuwa na kipindi kimoja kilichomgeuza mtu mwingine kabisa, nacho ni Ze Comedy, enzi zile kinarushwa EATV. Mimi nilikuwa shule ya msingi. Joti akitokea amevaa gauni na kilemba, baba alikuwa anacheka mpaka anafuta machozi kwa kiganja. Sisi watoto tulikuwa tunamwangalia yeye kuliko televisheni. Kundi lilipohamia TBC1 na kuitwa Orijino Komedi, nasi tukahama nalo.

Juu ya wote, hata hivyo, alikuwa King Majuto. Baba ni mtu wa Tanga, hivyo kwake Mzee Amri Athumani alikuwa kama jirani aliyebahatika kuonekana kwenye kideo. Kuna filamu yake moja tuliirudia mpaka diski ikawa inakwama. Ikikwama, baba anatujazia maneno yanayofuata, na kusema kweli wakati mwingine alimshinda Majuto mwenyewe.

Mwaka 2018 Majuto aliugua. Alipelekwa India kwa matibabu, na magazeti yakaandika tezi dume. Nilikuwa likizo kutoka chuo. Jioni moja tumeweka filamu yake, baba, macho yake yakiwa kwenye kioo, akaniuliza: "Mama, hii tezi dume huwa inaanzaje?"

Mama mzazi akanyanyuka kwenda jikoni. Mimi nikacheka. "Baba nawe! Hayo si mambo ya uzee?" Naye akacheka, tukaendelea kuangalia.

Agosti 8 mwaka huo Majuto alifariki dunia Muhimbili, akazikwa kwao Tanga. Baba hakutaka filamu zake ziwekwe kwa muda mrefu. Nikadhani ni msiba tu.

Mwaka mmoja na nusu baadaye kaka alinipigia usiku wa manane: mzee ameshindwa kabisa kukojoa, wako hospitali. Nilipofika asubuhi nilimkuta amewekewa mpira. Daktari alimuuliza dalili zilianza lini. Baba akajibu, bila kunitazama, "Kama miaka miwili hivi." Nikapiga hesabu hapo hapo nimesimama. Siku ile ya filamu alikuwa tayari anaamka usiku mara nne, mara tano.

Haikuwa saratani, ni tezi iliyokuwa imevimba. Alifanyiwa upasuaji, akapona.

Sasa ni mwandishi wa afya, na habari za tezi dume nimeziandika nyingi. Naeleza kwamba tezi kuvimba na saratani ni vitu viwili tofauti, ila dalili zinaweza kufanana: kuamka usiku mara kwa mara, mkojo kusitasita au kutoka kwa kukatika, kuhisi haujaisha. Saratani yenyewe inaweza kuanza bila dalili yoyote. Naeleza pia kuwa kuna kipimo cha damu, na kuna kile cha kidole, ambacho wanaume wamekigeuza kichekesho kuliko vyote. Nimekaa kwenye ukumbi wa vichekesho hapa Dar, utani wa kidole ukapigwa, ukumbi mzima ukalipuka. Nami nilicheka, maana ulichekesha. Nilipotazama meza ya jirani nikaona mzee mmoja anacheka kwa sauti kuliko wote, na raha ikaniisha.

Siwalaumu wachekeshaji. Bila wao sijui kama baba angewahi kukaa nasi sebuleni. Aliuliza wakati ule kwa sababu ndio pekee tuliokuwa tunaongea. Taarifa ya habari ingekuwa hewani asingethubutu. Mimi ndiye niliyeliona swali lake kuwa sehemu ya kipindi.

Mwezi uliopita nilikwenda kumsalimia. Diski ziliishia kwenye kabati. Siku hizi Joti anamwangalia kwenye simu yangu. Tumekaa barazani, klipu ya tatu au ya nne, anacheka vilevile, mara akaisogeza simu mbali, akairudisha karibu.

"Mama, hivi jicho likiwa linaona kama ukungu hivi, hiyo huwa ni nini?"

Nikaizima ile klipu. "La kulia au la kushoto, baba?"