Kisima Nilichokifuta

Wacha nianze na aibu yangu, halafu twende Misri ya karne ya 13. Mtaona zinakutana wapi.

Mwaka jana mheshimiwa mmoja wa huku kwetu alinitafuta. Alikuwa anajiandaa kutetea kiti chake na alitaka mtu wa kumwandikia hadithi ya maisha yake, mimi niisome kwenye video ya dakika sita. Shilingi 30,000, nusu kabla ya kazi, nusu baadaye. Si mnajua hali ilivyo. Nilikubali kabla hajamaliza kusema.

Nikaandika. Utoto wa kuchunga mbuzi nikauweka. Karo aliyolipia watoto wa watu nikaiweka, na ni kweli aliilipa. Kabla ya kurekodi akasema nimsomee kwanza. Alikuwa amekaa sebuleni na vijana wake wanne, chai mezani. Nilipofika pale penye kisima cha shule ya msingi, kile kilichozinduliwa kwa ngoma na hema na leo hakitoi hata tone, akainua kidole. Hakukasirika. Alisema tu, "Kijana, hapo ruka." Nikaruka. Vijana wake wakacheka, nami nikacheka nao. Jioni pesa zikaingia kwa simu.

Dada yangu mdogo aliitazama video mara moja tu, akaniuliza, "Na kisima?" Yeye alisoma shule hiyo. Alibeba maji kwenye dumu la lita tano kila asubuhi miaka miwili baada ya uzinduzi. Nilimwambia video ilikuwa inazidi dakika. Alinitazama tu, akarudi jikoni.

Sasa, mimi nilisoma historia chuoni, na kuna mtu nilikutana naye kwenye vitabu ambaye wakati huo nilimdharau sana. Anaitwa Ibn Abd al-Zahir. Baada ya ile video nilimkumbuka, na safari hii sikucheka.

Huyu bwana alikuwa katibu mkuu wa barua za Sultani Baybars, aliyetawala Misri na Sham kuanzia 1260 hadi 1277. Baybars hakuzaliwa ikulu. Alikuwa Mturuki wa Kipchak, akauzwa akiwa kijana, akafunzwa vita kama Mamluki, yaani askari mtumwa. Mtu kama huyo akifika kwenye kiti cha enzi anahitaji majeshi, ndiyo, lakini anahitaji pia hadithi. Watu wanauliza: wewe ni nani hata utawale? Kazi ya kujibu swali hilo ilikuwa ya Ibn Abd al-Zahir.

Na lilikuwa swali gumu. Mnamo Septemba 1260 jeshi la Misri liliwapiga Wamongolia kule Ain Jalut, Palestina. Sultani aliyeliongoza aliitwa Qutuz. Baybars alikuwa mmoja wa makamanda wake. Mwezi uliofuata, wakiwa njiani kurudi Cairo na ushindi wao, Qutuz aliuawa na makamanda wake mwenyewe, Baybars akiwa ndani ya njama. Kisha Baybars akawa sultani.

Hebu jiweke pale. Umepewa kazi ya kuandika maisha ya bosi wako, na bosi wako amepanda ngazi kwa damu ya mtu aliyewaokoa wote. Unaandikaje?

Ibn Abd al-Zahir hakukificha kifo. Hapo ndipo nilipoona huyu jamaa alikuwa fundi. Kwenye vita vya Ain Jalut alimvuta Baybars mbele ya picha na kumsukuma Qutuz nyuma. Kwenye mauaji akamfanya Baybars mtendaji wa peke yake, shujaa aliyethubutu kufanya jambo zito katikati ya watu wa Qutuz. Tendo la aibu likageuka tendo la ujasiri. Tena akamwonyesha Baybars kama mrithi wa kweli wa al-Salih Ayyub, yule sultani aliyewahi kummiliki. Ukimaliza kusoma unaona kama Qutuz ndiye aliyekuwa amekalia kiti cha mwenyewe.

Kitu kilichonimaliza ni kingine. Alikuwa anamsomea Baybars alichoandika. Sultani amekaa, katibu anasoma kwa sauti, zawadi inafuata. Niliposoma hilo chuoni niliona ni kichekesho cha watu wa kale. Baada ya kusoma yangu sebuleni kwa mtu, na chai mezani, sioni tena cha kuchekesha.

Tunajua haya kwa sababu ya mpwa wake. Shafi' ibn Ali, mtoto wa dada yake, naye alifanya kazi kwenye ofisi ileile ya barua. Miaka mingi baada ya Baybars kufa, alichukua kitabu cha mjomba, akakifupisha na kukisahihisha. Na anasema waziwazi: mjomba alikuwa akisoma mbele ya sultani, alilazimika kumpendeza.

Chukua mfano wa Safad, ngome ya mashujaa wa msalaba aliyoiteka Baybars mwaka 1266. Walinzi walisalimu amri kwa ahadi ya usalama, kisha wakauawa. Kwa mjomba, kosa ni la walinzi: walivunja masharti kwa kutoka na silaha. Kwa mpwa kuna jambo la ziada: aliyekaa mahali pa sultani na kutoa ahadi hiyo hakuwa sultani, alikuwa kamanda mwingine. Kwa hiyo sultani mwenyewe hakuwa amefungwa na neno lolote. Ngome ni ileile na waliokufa ni walewale. Tofauti ni kwamba mmoja alikuwa anasikilizwa na Baybars na mwingine hakuwa.

Hapo ungedhani nitasema mpwa ndiye shujaa wa hadithi. Nilitaka sana kusema hivyo. Lakini angalia wakati. Shafi' alipokuwa anasahihisha, watoto wa Baybars walikuwa wameshaondolewa madarakani tangu 1279. Waliotawala ni ukoo wa Qalawun. Na huyuhuyu Shafi' aliandika pia maisha ya Qalawun, na humo kalamu yake ni tamu kweli. Ukweli wake kuhusu Baybars haukumgharimu hata dinari. Sisi tunaujua mchezo huo. Hapa Kenya kila mtu ni jasiri juu ya gavana aliyeshindwa uchaguzi.

Basi waandishi wa ikulu wote ni waongo? Hapana, na hili ndilo ninalotaka tulielewe. Mchukue Salahuddin, yule aliyeirudisha Jerusalem mikononi mwa Waislamu mwaka 1187. Ibn Shaddad, kadhi wa jeshi lake, aliingia kazini kwake 1188 na akakaa naye hadi alipofariki Machi 1193. Kitabu chake kinaanza na sifa: ibada, uadilifu, ukarimu, subira, kila sifa na kisa chake. Kuna kisa cha mama wa upande wa Wazungu aliyeibiwa mtoto wake mchanga. Akaja mbele ya sultani akilia, mtoto akatafutwa sokoni, akanunuliwa na kurudishwa kwake. Ibn Shaddad anaandika kama mtu aliyekuwepo, maana mengi aliyaona kwa macho yake. Anasema sultani alipokufa hazina yake ilikuwa na dirham 47 na kipande kimoja cha dhahabu.

Alimpenda. Unaisikia huzuni yake. Hata hivyo angalia anavyomkosoa: alikuwa mkarimu kupita kiasi, hadi watunza hazina walikuwa wakimficha akiba kidogo ya dharura. Hiyo ni ile ya kwenye usaili wa kazi, ukiulizwa udhaifu wako unasema, "Huwa najituma sana."

Sasa mpe kalamu Ibn al-Athir, mwanahistoria wa Mosul, mji wa ukoo ambao Salahuddin aliuonea kiti. Ukarimu uleule unabadilika sura. Anamlaumu kwamba kila alipoteka mji aliwaacha watu waende zao, wakakusanyika Tyre, na Tyre ikawa ngome iliyomshinda. Huruma kwa mmoja, uzembe kwa mwingine. Na wote wawili wanazungumzia jambo lililotokea kweli.

Kwa hiyo nimeacha kuuliza kama kitabu cha ikulu ni cha kweli au cha uongo. Ninauliza: kilisomwa mbele ya nani? Nani alikuwa analipa, na alikuwa hai? Mwandishi anakaa wapi muda mrefu, na anapita wapi haraka haraka? Mara nyingi pale anapokimbia ndipo pana kisima.

Na kuna swali la mwandishi mwenyewe. Mimi sikuandika uongo hata mmoja kwenye ile video. Mbuzi walikuwepo, karo ililipwa. Ibn Abd al-Zahir naye, sehemu kubwa ya aliyoandika ni kweli, na bila yeye tungejua machache sana kuhusu utawala ule. Ila yeye alikuwa na Baybars mbele yake, mtu aliyemuua sultani. Mimi nilikuwa na mtu aliyeinua kidole. Hakunitisha. Sikumpinga hata kwa neno moja, na hilo ndilo linaloniuma kuliko pesa.

Najua pia kwamba nikisubiri ashindwe uchaguzi ndipo nitaje kisima, nitakuwa Shafi'. Watu watanipigia makofi na sitakuwa nimefanya lolote.

Mwezi uliopita mheshimiwa alinipigia tena. Safari hii anataka kijitabu, kurasa 20, kigawiwe kwenye mikutano. Sikukataa, maana kodi haisubiri dhamiri yangu itulie. Nimekiandika. Mbuzi wamo, karo imo. Kisima kiko ukurasa wa nne: mwaka kilipozinduliwa, mwezi pampu ilipokufa, na umbali ambao watoto wanatembea kufuata maji. Nimempa dada yangu akisome kwanza. Amenirekebisha sehemu moja tu, akisema dumu lilikuwa la lita kumi.

Jumamosi naenda kumsomea. Nusu ya pesa bado sijalipwa.