Kuta Zilizonirudisha Mpirani

Mimi ni mzaliwa wa Majengo, Mombasa, na mpira niliuacha siku nilipoambiwa kuwa nimeshakuwa mkubwa. Hakuna aliyenigombeza. Ndivyo mambo yalivyokwenda kwa wasichana wa mtaa wetu: utotoni tulicheza mchezo wa mpira uitwao kati vichochoroni mpaka adhana ya magharibi, kisha mmoja mmoja tukaingia ndani, vichochoro vikabaki vya wavulana. Mamangu alikuwa na kauli moja tu: "Kucheza cheza, lakini si mbele ya watu." Na Majengo, kwa anayeijua, hapana mahali pasipo watu. Ukitoka mlangoni uko barazani kwa jirani, ukivuka baraza uko kwa muuza mahamri, na uwanja wowote ulio wazi una vijana waliokaa ukingoni wakingoja kitu cha kutazama.

Nilipoingia chuo kikuu, hapa hapa Pwani, nilikuta hali ile ile kwa sura nyingine. Uwanja wa mpira wa kikapu ulikuwa wa saruji, kando ya njia ya kuendea mkahawani, darasa zima lapita hapo saa ya chakula. Kipindi cha kaskazi saruji ile ilichoma nyayo kupitia viatu. Masika ikageuka bwawa. Mwaka wangu wa kwanza nilikuwa mshika mikoba: wenzangu wa kutoka bara wakicheza, mimi pembeni na buibui langu, mikoba mapajani, nawahesabia mabao. Nilijua sheria zote za mchezo. Mpira wenyewe sikuugusa.

Aliyenibadilisha ni mwalimu wa kike wa michezo, mtu wa maneno machache. Alikwenda kuomba funguo za ukumbi mkubwa wa chuo, ule wa mitihani, mahafali na mikutano ya wazazi, akapewa saa za alasiri kwa ajili ya wanawake peke yao. Tukasukuma meza ukutani, tukaingiza vikapu vya magurudumu. Akatia komeo, akaning'iniza leso kwenye vioo vya mlango, akageuka akasema, "Haya, buibui ukutani." Basi. Hakutoa hotuba yoyote kuhusu haki za wanawake. Wasichana ambao hatukuwahi kuonekana hata karibu na mpira tulijaa humo ndani mpaka ikabidi tugawanywe kwa zamu, na wengi walikuwa wa Majengo, Bondeni na King'orani.

Nisiusifu ukumbi kupita kiasi. Sakafu ilikuwa ngumu, magoti yangu yanaikumbuka mpaka leo, na dari ilikuwa chini, ina panka zinazozunguka. Kanuni za mpira wa kikapu zataka mita 7 tupu juu ya uwanja. Sisi tulirusha mpira bapa, kwa woga wa kugonga panka. Nilipokwenda mara ya kwanza kucheza katika ukumbi wa Makande, ule wa Mamlaka ya Bandari ya Kenya, KPA, ambako timu zake hucheza mechi zao za nyumbani, mpira wangu haukufika kikapuni. Nilikuwa nimejifunza mchezo wa dari fupi. Ikabidi nianze upya kuupandisha mpira.

Huko Makande ndiko mamangu alikoniona nikicheza. Wakati huo nilikuwa navaa mikono mirefu, suruali ya kubana chini ya kaptura, na hijabu ya michezo. Alikaa safu ya juu kabisa na jirani yetu, leso begani. Mechi ilipokwisha hakuuliza nani ameshinda. Aliuliza, "Yule mwenye firimbi ana nini na wewe?" Nikajua amekubali.

Hijabu nayo ina habari yake. Kwa miaka mingi shirikisho la mpira wa kikapu duniani, FIBA, lilikataza kufunika kichwa uwanjani. Mwaka 2014, kwenye Michezo ya Asia kule Incheon, timu ya wanawake ya Qatar ilijitoa baada ya kuambiwa ivue hijabu. Bilqis Abdul-Qaadir, Mmarekani aliyecheza na hijabu yake katika daraja la kwanza la vyuo vikuu vya Marekani, alikuta njia ya kucheza kwa kulipwa Ulaya imefungwa kwa sababu hiyo hiyo. FIBA ilibadilisha kanuni Mei 2017, ikaanza kutumika tarehe 1 Oktoba mwaka huo. Nafurahi ilibadilika, ila nasema wazi: kanuni ile iliwafaa waliokwisha kujifunza kucheza. Sisi tulihitaji kwanza mahali pa kujifunzia.

Sasa nafundisha wasichana wadogo, na kila ninapoingia ukumbi wa michezo macho yangu hayatui kwenye viti. Uwanja wa ndani wa Kasarani, uliojengwa kwa Michezo ya Afrika ya 1987, una viti kama 5,000, na ni fahari ya nchi. Chuo kikuu hakihitaji hivyo. Kinahitaji sakafu ya mita 40 kwa 20, kipimo cha mpira wa mikono, ambayo juu yake huchorwa kwa rangi tofauti mistari ya kikapu, wavu na vinyoya. Kinahitaji dari ndefu yenye matundu ya kutolea joto, kwa maana bati tupu la Mombasa mwezi wa Februari ni tanuri. Mbao za sakafu zichungwe, unyevu wa bahari huzivimbisha. Na tafadhali, msiikodishe sakafu hiyo kwa harusi. Nazipenda harusi zetu, lakini visigino vya mabibi wa Mombasa vitaimaliza kwa usiku mmoja.

Fedha si hoja. Chuo Kikuu cha Kiufundi cha Mombasa, pale Tudor, kilianza kama taasisi ya elimu ya ufundi kwa Waislamu, MIOME, iliyojengwa kwa michango ya Aga Khan, Sultani wa Zanzibar, jamii ya Mabohora na serikali ya kikoloni. Wanafunzi wakaanza masomo 1951. Mji huu umewahi kuchangiwa karakana. Waweza kuchangiwa ukumbi.

Ombi langu ni kwa wanaochora majengo ya vyuo vyetu. Kabla ya kumwaga saruji, mwiteni msichana mmoja wa Majengo mumwonyeshe ramani. Mumwambie madirisha yatakuwa kimo gani, chumba cha kubadilishia nguo kina mlango wa kufungika au pazia, pa kutawadhia ni wapi, na saa zake kwenye ratiba ni zipi. Akisema hatakuja, choreni tena.