Kutoka Butembo hadi Mbale: Kwa Wayahudi wa Mlima Elgon

Sisi watu wa Butembo twajulikana kwa biashara na kwa safari. Wakati wa likizo kaka yangu, mnunuzi wa kahawa, aliniomba nimsindikize mpaka Mbale, mashariki ya Uganda, apate kuona jinsi wakulima wa huko wanavyoiuza kahawa yao. Nilikubali, lakini moyo wangu haukuwa na amani.

Sababu yake mwaijua. Tangu Oktoba 2014 vijiji vya upande wa Beni vimezika watu wengi mno. Tukapita Kasindi, ambako siku ya Dominika, 15 Januari 2023, bomu liliwaua Wakristu kanisani mwao, katika ibada ya ubatizo. Wauaji wale huthubutu kulitaja jina la Mungu. Basi mimi, mwalimu wa dini, nilikuwa nimeanza kumtazama kwa jicho baya hata jirani yangu Mwislamu, fundi cherehani, asiyepata kumdhuru mtu. Nilivuka daraja la Mpondwe na mzigo huo moyoni.

Mbale iko chini ya mlima Elgon. Karibu na mji kuna kilima kiitwacho Nabugoye, na juu yake sinagogi, nyumba ya sala ya Wayahudi. Wanaosali humo si wageni kutoka Ulaya, bali Waafrika kama sisi, walimaji wa kahawa na ndizi. Huitwa Abayudaya, ndiyo kusema Wayahudi.

Asili yao ni Semei Kakungulu, jemadari Mganda, Mkristu wa Kiprotestanti, aliyewasaidia Waingereza kuitiisha nchi ya mashariki. Alitumaini kupewa ufalme, asipewe. Akajitenga, akafuata dhehebu la Wamalaki, akazama katika kusoma Agano la Kale. Mwaka wa 1919 alitahiriwa yeye pamoja na wanawe. Wenzake walipompinga wakisema kuwa tohara ni desturi ya Wayahudi, alijibu kwamba basi yeye ni Myahudi. Mwaka uliofuata Myahudi mmoja mgeni, jina lake Yosefu, aliwafundisha sikukuu na sheria za vyakula kwa miezi ipatayo sita. Kakungulu alifariki mwaka wa 1928, lakini jamaa yake ilidumu.

Idi Amin alipotwaa utawala mwaka wa 1971 aliipiga marufuku dini yao. Masinagogi yalifungwa. Wengi waligeuka Wakristu au Waislamu. Wakabaki 300 hivi, wakasali kwa siri hata Amin alipoangushwa mwaka wa 1979.

Hapo nilijiuliza: Je, twaweza kujisifu kwa ubatizo wa mtu aliyekimbilia maji kwa hofu? Mtaguso wa Pili wa Vatikano ulifundisha, 7 Desemba 1965, kwamba mtu yeyote asilazimishwe kuamini. Na tarehe 28 Oktoba mwaka huohuo, hati ya Nostra Aetate ilisema kwamba mateso ya Kristu yasihesabiwe kuwa kosa la Wayahudi wote wa zamani zile, wala la Wayahudi wa leo.

Fundisho hilo lilichelewa. Mwaka wa 1492 wafalme Wakatoliki wa Hispania waliwafukuza Wayahudi wa nchi yao. Baadhi ya wazao wao walikaa kisiwani Rhodes, na kutoka huko wengine walikuja Kongo kufanya biashara, wakajenga sinagogi Elisabethville, ndiyo Lubumbashi ya leo. Ndugu zao waliobaki kisiwani walichukuliwa na Wajeremani mwezi wa Julai 1944 mpaka Auschwitz. Waliopona ni wachache sana.

Ijumaa jioni, Sabato ilipoingia, tulikaribishwa tuketi nyuma. Kiongozi wao ni rabi Gershom Sizomu, aliyepewa daraja hiyo Marekani mwaka wa 2008. Waliimba zaburi kwa Kiebrania na kwa Kiganda, kwa sauti za Kiafrika. Maneno sikuyaelewa yote, lakini nilikumbuka kwamba ni zaburi zilezile tulizosali alfajiri seminarini. Yezu naye alizisali.

Kaka yangu naye alipata alichokifuata. Mmoja wa Abayudaya, J. J. Keki, alikuwa New York siku ya 11 Septemba 2001, akayaona maangamizi kwa macho yake. Aliporudi kwao aliwaendea jirani zake Wakristu na Waislamu, na mwaka wa 2004 wakaunda chama cha ushirika, Mirembe Kawomera, yaani Amani Tamu. Waliweka kahawa yao pamoja, wakagawana uongozi kati ya dini tatu, wakaiuza Marekani kwa bei iliyopita ile ya wachuuzi.

Tuliporudi Butembo, nilichukua kitambaa cha sare za watoto wangu, nikaenda kwa yule fundi. Nilikuwa nimeacha kumpelekea kazi miezi mingi. Hakuniuliza neno, alichukua futi yake, akaanza kupima.

Enyi wazazi, watoto wetu hujifunza chuki mezani petu kabla ya kujifunza katekisimu. Tuwalilie wafu wetu, tudai haki yao. Lakini deni la muuaji tusimdai jirani.