Meli Iliyopita Kilosa kwa Reli

Ndugu msomaji, ukifika Kilosa usiishie kwenye ile reli mpya ya treni za umeme, zilizoanza kuchukua abiria mwaka 2024. Nenda ukaitazame reli ya zamani, ile nyembamba ya upana wa meta moja. Ukiambiwa kwamba meli nzima ilipita juu ya vyuma hivyo, utacheka, maana hapa hakuna bahari wala ziwa. Kuna Mto Mkondoa tu, nao wenyeji wanaujua zaidi kwa mafuriko yake. Lakini ilipita.

Jina lake la kwanza lilikuwa Graf von Goetzen. Iliundwa mwaka 1913 huko Papenburg, Ujerumani, kisha ikafunguliwa vipande vipande na kutiwa katika masanduku yapatayo 5,000. Yalipofika Dar es Salaam yakapakiwa katika mabehewa, yakapita Morogoro, Kilosa, Dodoma na Tabora mpaka Kigoma, mwendo wa kilometa zaidi ya 1,200. Hebu fikiri kazi ya karani aliyeyahesabu! Mimi nina daftari za ubatizo na ndoa tu, na kila jioni nazipitia mara mbili.

Huko Kigoma ikaungwa upya, ikashushwa majini Februari 5, 1915. Vita Kuu ya Kwanza ilikuwa imekwisha kuanza, basi ikawa meli ya kuchukua askari katika Ziwa Tanganyika. Ikafungwa na mzinga uliotolewa katika manowari Königsberg, iliyoangamia mtoni Rufiji. Haikudumu vitani. Julai 1916, Wabelgiji walipokaribia Kigoma, Wajerumani waliizamisha wenyewe. Lakini kwanza mafundi waliipaka mitambo grisi tele isipate kutu, kama mtu afichaye jembe lake akitumaini kurudi kulima.

Mwezi uliofuata Kilosa nayo ikatwaliwa na majeshi ya Waingereza, na Wajerumani wakarudi nyuma kuelekea kusini. Ili uwafuate, shika njia ya Mikumi. Utapita Ulaya, ndiyo, Ulaya, maana watu wa huku huenda Ulaya na kurudi bila pasipoti. Mwaka ule hapakuwa na reli upande huu. Tawi la kutoka Kilosa lilifika Mikumi mwaka 1960, na Kidatu mwaka 1965. Meli ilipandishwa gari la moshi, lakini katika vita ile, penye njia kama hizi, risasi na unga vilichukuliwa kichwani na wapagazi, wa jeshi hili na wa jeshi lile. Makumi ya maelfu yao walikufa, wengi kwa njaa, homa na kuhara kuliko kwa risasi. Jina la Kariakoo, Dar es Salaam, limetokana na kikosi cha wapagazi hao.

Mikumi kwenyewe utaiona ile miti mirefu iliyoupa mji jina, na wanyama wa hifadhi iliyoanzishwa mwaka 1964. Jiwe lenye jina la mpagazi sikuliona. Waulize wazee wa kwenu; huenda yupo babu aliyechukuliwa asirudi.

Meli ilirudi. Waingereza waliiinua mwaka 1924, na Mei 1927 ikaanza tena safari kwa jina la Liemba, jina la kale la ziwa lile. Mitambo iliyopakwa grisi ilifanya kazi mpaka miaka ya 1970. Kwa miaka mingi ilikwenda kutoka Kigoma hata Mpulungu, Zambia. Penye vijiji visivyo na gati mitumbwi iliifuata, watu wakapanda na magunia yao ya dagaa. Mwaka 1997 iliwarudisha kwao wakimbizi zaidi ya 75,000 wa Zaire. Mwaka 2015 Warundi waliokimbia walijaa katika kijiji cha Kagunga, kando ya ziwa, mahali pasipofikika kwa gari. Liemba ikatia nanga mbele ya kijiji, mashua zikaanza kuwaleta, mama na watoto, na ilipojaa ikaenda Kigoma kuwashusha, kisha ikarudi kuwachukua wengine.