Hata Hapana Ni Jibu

Mimi ni wakili wa kujitegemea jijini Mwanza, na sehemu kubwa ya kazi yangu ni kuwatetea watu ambao hawajakataliwa chochote. Wameomba hati ya kiwanja, leseni au malipo ya mirathi ya mtumishi aliyefariki, na kila wakifika dirishani huambiwa faili linashughulikiwa. Aliyekataliwa ana barua ya kukatia rufaa. Asiyejibiwa hana hata hiyo.

Ndiyo maana naithamini amri ya mandamus, ambayo kwayo Mahakama Kuu humtaka ofisa wa umma atekeleze wajibu aliopewa na sheria. Masharti yake tunayasoma katika kesi ya John Mwombeki Byombalirwa dhidi ya Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Mkoa, Bukoba, ya mwaka 1986. Mwombaji awe amedai wajibu utekelezwe na akakataliwa. Wajibu wenyewe uwe wa umma na wa lazima. Awe na haki ya kulalamika. Na asiwe na nafuu nyingine.

Sharti la kwanza ndilo linalowatoa jasho wateja wangu. Utathibitishaje kwamba umekataliwa na mtu asiyesema neno? Tena Kanuni za mwaka 2014 zinazoongoza maombi ya amri hizi zinataka kibali cha kufungua shauri kiombwe ndani ya miezi 6 tangu kitendo, au kutotenda, kunakolalamikiwa. Kimya hakina tarehe. Basi kabla ya kwenda mahakamani tunakipa tarehe. Tunaandika barua inayoeleza ombi liliwasilishwa lini, ni sheria ipi inayoitaka ofisi iliamue, na tutasubiri jibu hadi siku gani. Nakala yetu inagongwa muhuri wa masjala: IMEPOKELEWA. Siku hiyo ikipita bila jibu, nina cha kumwonyesha jaji. Mara nyingi hatufiki huko, kwani barua yenye tarehe hulitoa faili kabatini.

Tukifika mahakamani, wakili wa Serikali husimama na kusema mahakama isiingilie madaraka ya ofisi. Ana hoja, na sheria imeizingatia. Pale ofisa alipoachiwa hiari, jaji hamwambii aamue nini. Anamwambia aamue.

Mzee mmoja niliyemwakilisha alikuwa amefuatilia hati yake kwa miaka. Tulipopata amri, ofisi ilimjibu kwamba ombi limekataliwa, kwa sababu vipimo vya kiwanja havikulingana na ramani. Wanawe walisikitika. Yeye alikunja ile barua akaenda nayo kwa mpima ardhi. Dosari ilirekebishwa, akaomba upya, akapewa hati. Miaka yote ile hakuna aliyemwambia kinachokwamisha ni nini.

Naandika haya kwa sababu wengi hawawezi kumlipa wakili, na haki ya kujibiwa isingepaswa kuwagharimu kesi. Ofisa anayeandika “hapana, kwa sababu hii” anamheshimu mwananchi kuliko anayemwambia kwa upole arudi wiki ijayo. Sababu hurekebishika au hukatiwa rufaa, lakini ahadi ya wiki ijayo haina pa kushikwa. Nawe mwenye ombi, andika barua, taja siku, na usiondoke dirishani bila nakala iliyogongwa muhuri.