Kesho Moja, Kesho Nyingi

Kutazamia katika hadithi za kubuni ni ibada ya kichawi inayomwezesha mhusika kuona mambo kabla hayajatukia. Chombo chake huwa chungu, beseni la maji au kinywaji chenye sumu. Mwenye kuijua huwa mchawi, malkia au kuhani. Hayo hayajabadilika sana katika miaka mia nne. Kilichobadilika ni kile kinachoonekana ndani ya chombo: zamani ilikuwa kesho moja, leo ni kesho nyingi zinazogombania nafasi.

Mwandishi wa kumbukumbu hizi alikutana na ibada hiyo kwanza katika Makbeth, tafsiri ya S. S. Mushi iliyotoka 1968, ya tamthilia ya Shakespeare iliyochapwa mara ya kwanza 1623. Kinachomkaa mwanafunzi kichwani ni chungu: chura, manyoya ya popo, ulimi wa mbwa. Macbeth, aliyemuua mfalme ili atawale, huwaendea wachawi kwa miguu yake mwenyewe, akadai kuambiwa. Huonyeshwa kichwa kilichovaa kofia ya chuma, mtoto aliyelowa damu, na mtoto mwenye taji aliyeshika mti. Kisha hupita wafalme wanane wa uzao wa Banquo, mwenzake aliyemuua, na wa mwisho ameshika kioo kinachoonyesha wengine zaidi. Hapo hakuna “huenda”. Huambiwa hatadhuriwa na aliyezaliwa na mwanamke, wala hatashindwa mpaka msitu umwendee. Aliyoambiwa ni kweli tupu, ila yana mtego: adui yake Macduff hakuzaliwa kwa njia ya kawaida bali alitolewa tumboni kabla ya wakati, na msitu unaotembea ni askari waliobeba matawi. Kila Macbeth anachofanya kuiziba njia ya utabiri huo ndicho kinachoifungua.

Msomaji wa Pwani ana haki ya kushangaa. Mpiga ramli husoma nukta zake katika sura 16, lakini kazi yake haiishii kwenye kutangaza balaa. Huagiza pia sadaka au kafara ya kuliepusha. Kwake, jambo lililoonekana bado linajadilika. Macbeth hapewi kafara yoyote.

Katika fasihi ya Kiingereza, mjadala huo ulifunguliwa waziwazi na Charles Dickens mwaka 1843, katika A Christmas Carol. Scrooge, bahili asiye na mfano, akiwa mbele ya kaburi lake mwenyewe humuuliza mzuka unaomwonyesha kesho kama anayoyaona ni lazima yawe au yanaweza tu kuwa. Mzuka haumjibu kwa neno lolote. Jibu ni maisha yake baada ya hapo: anabadilika, na mtoto mgonjwa aliyeonekana amekufa anaishi.

J. R. R. Tolkien ndiye aliyeipa ibada hii umbo lake zuri kuliko yote, katika The Fellowship of the Ring ya 1954. Galadriel, bibi mtawala wa Elves, hujaza maji ya kijito kwenye beseni la fedha, huyapulizia pumzi, kisha huwaonya wageni wasiyaguse. Maji huonyesha yaliyopita, yaliyopo na yanayoweza kuja, bila kusema lipi ni lipi. Sam, mmoja wa wageni hao, anaona miti ya kwao ikikatwa na anataka kurudi mbio. Galadriel humweleza kwamba mengine hayatukii kamwe, isipokuwa pale aliyeyaona anapoacha njia yake ili ayazuie. Sam anabaki. Katika kitabu cha mwisho anarudi nyumbani na kukuta miti imekatwa kweli, lakini kazi iliyompeleka safari imekamilika. Hapa ndipo ibada ilipogeuka: aliyeona hapewi tena habari, anapewa uamuzi.

Miaka miwili baadaye Philip K. Dick, katika The Minority Report, alieleza kesho hizo hutoka wapi. Polisi wake wana watabiri watatu, na ripoti zao hazilingani kwa sababu kila moja imezingatia kwamba ile iliyotangulia imekwisha kujulikana. Kujua tu kunazaa kesho nyingine.

Frank Herbert hakuridhika. Katika Dune ya 1965, shujaa wake Paul Atreides hunywa Maji ya Uzima, sumu itokanayo na mnyoo mchanga wa jangwani aliyezamishwa majini, akalala kama maiti kwa wiki tatu. Anaona njia nyingi, lakini vita vinavyopiganwa kwa jina lake hawezi kuvizuia, na katika Dune Messiah ya 1969 ni mfungwa wa alichokiona. Kwa kweli Herbert alirudi kwa Shakespeare, akapandisha bei.

Sinema imeichukua hoja ya Dick hadi ukingoni. Katika Avengers: Infinity War ya 2018, mchawi Doctor Strange hutumia Jiwe la Wakati kutazama kesho 14,000,605, na ushindi umo katika moja tu. Mwaka uliofuata, katika Endgame, mwenzake Tony Stark anamuuliza kama hii waliyomo ndiyo ile moja. Strange anakataa kusema: akisema, haitatokea.