Ufunguo Mezani

Dereva mmoja wa matatu, mkazi wa Mwihoko, alipandikiziwa kifuani kifaa cha kuushtua moyo unapopapatika. Kifaa hicho, walichokibuni Michel Mirowski na wenzake, kilipandikizwa kwa binadamu mara ya kwanza mwaka 1980 mjini Baltimore, Marekani. Humwokoa mgonjwa, lakini hakimzuii kuzimia kabla ya kushtuliwa. Ndiyo maana Uingereza humruhusu aliye nacho kuendesha gari lake dogo baada ya muda, ila basi la abiria haimruhusu kamwe.

“Baba Njeri, na karo?” mkewe aliuliza.

Akanyamaza. Sekunde chache za giza katika Barabara ya Thika, na abiria 14 garini!

Alfajiri alimrudishia mwenye matatu ufunguo. Moyo wake ulikuwa na mlinzi. Abiria hawakuwa na mwingine ila yeye.